Robota, Waya na Sanduku la Kura

*Dola kubwa ikihubiri demokrasia huku ikitafuta soko, ni nani hulipa gharama? Mwandishi wetu amefuata njia mbili, ya mitumba na ya umeme, kutoka Ilala hadi Ras Fumba.*

Alfajiri, kabla jua halijapanda juu ya mabati ya soko la Karume, Ilala, wakati wauza chai wangali wakipuliza makaa yao na wanunuzi wameanza kusukumana mabega wapate nafasi ya mbele, muuzaji mmoja wa mitumba alitia kisu kwenye mikanda ya robota lililotoka ng'ambo, na mikanda ile ilipokatika, nguo zilizokuwa zimebanwa kwa mashine zikafura, zikainuka, zikatoa ile harufu ya dawa ambayo kila aliyekulia Dar es Salaam huijua pasina kuambiwa.

Nilisimama kando nikimtazama akichambua, gredi ya kwanza upande huu, za kati upande ule, na zile za kumwaga chini karibu na miguu yake. Katikati ya lundo ikatoka fulana nyeupe yenye jina la mgombea wa uchaguzi wa Marekani, pamoja na mwaka wa uchaguzi wenyewe, na shingo yake ilikuwa haijalegea hata kidogo, ishara kwamba mwenyewe hakuivaa zaidi ya siku moja au mbili za kampeni. Muuzaji akaikung'uta, akaikagua mishono, akaitupia fungu la kati.

Fulana ile imenikaa moyoni, kwa sababu mambo mawili ambayo dola hiyo imekuwa ikiyaleta kwetu kwa pamoja, yaani kura na biashara, yalikuwa yameshonwa katika kitambaa kimoja. Kwa muda wa miaka ishirini na mitano tumeambiwa kwamba mambo hayo ni ndugu wa tumbo moja. Makala haya yanatazama siku ambazo ndugu hao waligombana.

Kodi ya kilo moja

Mwezi wa Machi 2016 wakuu wa nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki, walipokutana Arusha, waliafikiana kwamba nguo na viatu vikuukuu vitokavyo ng'ambo vipunguzwe hatua kwa hatua, hata vikome kuingia katika muda wa miaka mitatu. Madhumuni yalikuwa dhahiri. Viwanda vya nguo vya nchi hizi, kama kile cha Urafiki cha Dar es Salaam kilichojengwa kwa msaada wa China katika miaka ya 1960, vilikuwa vimedhoofika tangu milango ya biashara ilipofunguliwa katika miaka ya 1980, na haikuwezekana kuvihuisha ilhali shati lililokwisha kuvaliwa Ulaya au Marekani linauzwa hapa kwa bei isiyofikia hata gharama ya kitambaa chake.

Nguo hizo wazee wetu waliziita kafa-ulaya, kwa kudhani kwamba wenyewe wamefariki ndipo zikauzwa. Waganda huziita mivumba, na Wanyarwanda huziita caguwa, neno walilolitwaa katika Kiswahili chetu, chagua, kwa kuwa ndivyo anavyofanya mnunuzi aliyeliinamia fungu.

Rwanda ndiyo iliyotangulia kutenda. Mwaka ule ule wa 2016 ilipandisha ushuru wa mitumba kutoka senti 20 za dola kwa kilo hadi dola mbili na nusu. Mwezi wa Machi 2017 chama cha wafanyabiashara wa nguo kuukuu wa Marekani kikapeleka malalamiko serikalini kwao, kikidai kwamba ajira 40,000 za Wamarekani zimo hatarini, na malalamiko hayo kikayaegemeza juu ya sheria ya AGOA, ile iliyotiwa saini na Rais Bill Clinton mwezi wa Mei 2000 ili bidhaa za nchi za Afrika kusini ya Sahara ziingie Marekani bila ushuru.

Sheria hiyo yafaa isomwe kwa utulivu. Inataka nchi inayonufaika iwe inajenga utawala wa sheria, siasa ya vyama vingi na haki za raia. Papo hapo inaitaka iwe inaondoa vizuizi vinavyozuia biashara na mitaji ya Marekani. Haisemi lipi litangulie endapo masharti hayo yatagongana, na mwenye kuhukumu ni Rais wa Marekani mwenyewe, ambaye kila mwaka hupitia orodha ya nchi na kuamua nani abaki na nani atoke.

Kenya, yenye makumi elfu ya washonaji katika viwanda vya Athi River, Nairobi na Mombasa vinavyouza suruali na mashati Marekani, ilirudi nyuma mapema. Tanzania na Uganda zikafuata. Rwanda ikashikilia msimamo wake, na mwishoni mwa Julai 2018 nguo zake zikaondolewa katika nafuu ya ushuru.

Masikitiko na adhabu

Hapa ndipo msomaji anapopaswa kutua kidogo na kuziweka tarehe ubavuni kwa ubavu.

Mwezi wa Desemba 2015 Rwanda ilipiga kura ya maoni ya kubadili katiba, na Rais Paul Kagame akafunguliwa mlango wa kugombea tena. Alipotangaza, mwaka mpya wa 2016 ulipoingia, kwamba atagombea, serikali ya Marekani ilisema kuwa imesikitishwa sana. Agosti 2017 akatangazwa mshindi kwa kura zilizokaribia asilimia 99. Kwa mambo hayo ya kura, nafasi ya Rwanda katika AGOA haikutikiswa.

> Katiba ilipobadilishwa, Washington ilisikitika. Ushuru wa mitumba ulipopanda, Washington iliadhibu.

Sisemi haya kwa kutaka Rwanda iadhibiwe kwa jambo la kwanza, wala kwa kutaka mitumba ikomeshwe kesho, maana najua ni familia ngapi hapa mjini zinazokula kutokana na robota moja. Nasema kwa kuwa kipimo cha kweli cha anachokithamini mtu hakipatikani katika maneno yake ya huzuni. Hupatikana pale anapokuwa tayari kutoa kitu, au kumnyima mwenziwe kitu.

Insafu, hata hivyo, yanitaka niseme upande wa pili. Burundi iliondolewa katika orodha hiyo tarehe 1 Januari 2016 kwa ajili ya mauaji na machafuko yaliyofuata muhula wa tatu wa Rais Pierre Nkurunziza. Ethiopia iliondolewa mwaka 2022 kwa vita vya Tigray, na Uganda mwaka 2024 kwa kuvunja haki za binadamu, kama Washington ilivyoeleza. Atakayedai kwamba maneno ya demokrasia ni pazia tu la biashara atakuwa amefumba jicho moja.

Walakini nchi hizo hazikuwa na kitu ambacho Marekani haiwezi kuishi bila kukipata. Burundi ilikuwa ikiiuzia Marekani hasa kahawa kidogo na chai. Ethiopia ilikuwa na nguo zilizoshonwa na mabinti wa Hawassa, na mnunuzi wa nguo akikosa hapa hununua kule. Katika miaka ya mwanzo ya AGOA, bidhaa zilizopita kwa wingi katika mlango huo zilikuwa mafuta ya petroli, na Angola, ambayo José Eduardo dos Santos aliitawala tangu 1979, na ambayo uchaguzi wake wa 1992 uliishia vitani, iliingizwa katika orodha miaka michache tu baada ya sheria kutungwa.

Giza la Unguja

Sasa tuvuke bahari, maana ushahidi mzito zaidi uko kwetu wenyewe.

Mwezi wa Desemba 2009 njia ya umeme iliyokuwa ikipita chini ya bahari kutoka bara hadi Unguja iliharibika, na kisiwa kizima kikakaa gizani mpaka Machi 2010. Waliokuwapo hawahitaji kukumbushwa. Jenereta zilinguruma mbele ya maduka ya Darajani mchana kutwa, na mwenye kununua kanga ilimpasa apige kelele ndipo bei isikike. Mabomba yalikauka, kwa kuwa maji ya mji husukumwa kwa umeme, na akina mama wakarudi kwenye visima ambavyo wengine hawakuvitazama tangu utotoni, wakapanga ndoo kwa foleni kabla ya adhana ya alfajiri. Wavuvi waliokosa barafu waliuza samaki wao kabla ya adhuhuri kwa bei ya kutupa.

Wakati huo dawa ya maradhi hayo ilikuwa imekwisha kuandikwa kwenye karatasi. Tarehe 17 Februari 2008, Rais George W. Bush alipokuja Dar es Salaam, yeye na Rais Jakaya Kikwete walitia saini mkataba wa dola milioni 698 kutoka Shirika la Changamoto za Milenia, chombo ambacho Baraza la Congress lilikianzisha mwaka 2004 kwa itikadi ya kwamba fedha za msaada ziende kwa serikali zinazotawala kwa haki, zinazowekeza katika watu wake, na zinazoacha uchumi uwe huru.

Fedha hizo zilifanya kazi, na mwenye kukana hilo hajapita barabara ya lami kutoka Tanga kwenda Horohoro, au ile ya Tunduma hadi Sumbawanga, au njia za vijijini za Pemba ambazo zamani masika yakishika mjamzito alibebwa kwa machela. Na kutoka Ras Kiromoni hadi Ras Fumba ukalazwa chini ya bahari waya mpya wenye uwezo wa megawati 100, ukakamilika mwaka 2013. Tangu hapo Unguja haikurudia giza la namna ile.

Mkataba wa pili ukaanza kutayarishwa, mkubwa nao, wa zaidi ya dola milioni 470, na karibu wote ulikuwa wa umeme.

Kura zilizofutwa

Tarehe 25 Oktoba 2015 Wazanzibari walipiga kura. Siku tatu baadaye, matokeo yakiwa hayajamalizika kutangazwa, na Maalim Seif Sharif Hamad wa chama cha upinzani cha CUF akiwa amekwisha kudai ushindi, Mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi, Jecha Salim Jecha, alitokea kwenye televisheni akatangaza kwamba uchaguzi wote umefutwa. Waangalizi wa nje wakaeleza wasiwasi wao. Uchaguzi wa marudio ukafanywa tarehe 20 Machi 2016, CUF ikasusia, na Rais aliyekuwa madarakani, Dk. Ali Mohamed Shein, akatangazwa mshindi kwa zaidi ya asilimia 91.

Tarehe 28 Machi, hata siku kumi hazijapita, bodi ya Shirika la Changamoto za Milenia ilikaa Washington ikasimamisha ubia wake na Tanzania. Ilitaja mambo mawili: marudio ya Zanzibar, na utekelezaji wa Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015. Mkataba wa pili ukafia hapo.

Nataka niseme wazi, bila kuzungushazunguka, kwamba shutuma ile ilikuwa ya haki. Mtu aliyesimama juani tangu alfajiri, kidole chake kikatiwa wino, kisha akaambiwa na mtu mmoja kwamba kura yake na za wenzake wote si kitu, amedhulumiwa, na dhuluma hiyo haigeuki kuwa halali kwa sababu aliyeilaani ni mgeni mwenye maslahi yake.

Lakini yafaa tuulize adhabu ilimwangukia nani. Waliofuta kura walikuwa na umeme nyumbani kwao, na waliendelea kuwa nao. Aliyekuwa akingojea nguzo ifike kijijini kwake ni mkulima wa karafuu, mwani au mpunga, na katika visiwa vile huenda ndiye yule yule ambaye kura yake ilifutwa.

> Aliyenyang'anywa kura Oktoba ndiye aliyenyimwa nguzo ya umeme Machi.

Hoja ya Marekani siidharau. Fedha ni za walipa kodi wao, na serikali yoyote yenye staha itaona haya kumpelekea zawadi mtu aliyefuta uchaguzi mbele ya macho ya dunia. Iwapo shirika lilikwisha kusema kwamba linatoa kwa wanaotawala kwa haki, lingetoa vipi wiki ile bila ya kujikana?

Hoja hiyo ingesimama imara kama ingalisimama mahali pote. Ila Misri, ambako jeshi lilimpindua rais aliyechaguliwa, Mohamed Morsi, mwezi wa Julai 2013, na ambako mamia ya wafuasi wake waliuawa mjini Cairo mwezi uliofuata, ilizuiliwa sehemu tu ya msaada wake wa kijeshi, unaofika dola bilioni 1.3 kwa mwaka. Zuio hilo likaondolewa mwishoni mwa Machi 2015, mwaka mmoja kamili kabla ya hukumu ya Tanzania, hali ya demokrasia nchini Misri ikiwa haijaboreka. Misri ina mfereji wa Suez, ina mpaka na Israel, na msaada ule hununulia ndege na vifaru vya viwanda vya Marekani. Zanzibar ilikuwa na karafuu, mwani na hoteli za pwani.

Na adhabu ile ilizaa nini? Miezi michache baadaye mikutano ya hadhara ya vyama vya siasa ilizuiwa Tanzania nzima, na zuio hilo halikuondolewa mpaka Januari 2023. Serikali ya Rais John Magufuli, ikijinadi kwamba nchi itasimama kwa miguu yake, ilianza kujenga kwa fedha za ndani bwawa la Julius Nyerere kwenye mto Rufiji, la megawati 2,115, ambalo lilianza kutoa umeme mwaka 2024. Nchi haikuanguka. Uhuru nao haukupanuka.

Nchi maskini iliyolipa

Ni rahisi kwetu kusema kwamba kila dola hupima haki kwa mizani ya duka, na kwamba haiwezekani iwe vinginevyo. Historia yetu inatukatalia.

Mapema mwaka 1965 serikali ya Ujerumani Magharibi, iliyochukizwa na kuwapo kwa ubalozi mdogo wa Ujerumani Mashariki hapa nchini, jambo lililotokana na Muungano wetu na Zanzibar, ilisimamisha msaada wake wa kijeshi ili kuishinikiza Tanzania. Mwalimu Julius Nyerere hakubembeleza. Aliwaambia wachukue na msaada uliosalia. Desemba mwaka ule ule, Ian Smith alipokuwa amejitangazia uhuru wa walowezi wachache huko Rhodesia na Uingereza ikasita kumwondoa, Tanzania ilivunja uhusiano na Uingereza, kama Umoja wa Nchi Huru za Afrika ulivyoazimia, ikakosa mkopo wa pauni milioni 7.5 uliokuwa umekwisha kupangiwa kazi.

Ilikuwa nchi ya miaka minne tangu uhuru, yenye madaktari wa kuhesabika na barabara za vumbi, na pauni hizo zilikuwa ni shule na zahanati. Hakuna aliyeilazimisha. Ilitaka Mwafrika wa Rhodesia apige kura, ikatoa katika mfuko wake mwenyewe, na kwa muda wa miaka mingi baadaye ikawahifadhi wapigania uhuru wa kusini mwa Afrika katika kambi za Kongwa na Nachingwea. Sidai kwamba nyumbani tulikuwa bila doa, maana chama kilikuwa kimoja na walikuwapo waliowekwa kizuizini bila kushtakiwa. Nadai hili tu, kwamba yawezekana kutetea kura ya mtu wa nchi nyingine na kukubali hasara.

Mabalozi wanyamaze

Siku hizi lugha ya Washington imegeuka. Tarehe 1 Julai 2025 shirika la misaada la USAID lilifungwa rasmi, na mwezi ule ule Wizara ya Mambo ya Nje, chini ya Marco Rubio, ikaziagiza balozi zake zisitoe kauli juu ya uhuru na uadilifu wa chaguzi za nchi nyingine, isipokuwa pale ambapo maslahi ya wazi ya Marekani yanadai hivyo. AGOA nayo ikafikia mwisho wa muda wake tarehe 30 Septemba 2025 bila kurefushwa siku hiyo.

Mahali pa maneno hayo pamekaliwa na madini. Mwishoni mwa Juni 2025 Kongo na Rwanda zilitia saini mjini Washington mapatano ya amani yaliyofungamanishwa na ushirikiano wa kiuchumi, na nyuma yake yapo kobalti, shaba, koltani na bati. Marekani inasaidia reli inayotoka kwenye shaba ya Kongo hadi bandari ya Lobito, Angola, na China imeshika kuihuisha TAZARA, ile reli ya kilomita 1,860 iliyoijenga yenyewe katika miaka ya 1970 baada ya nchi za Magharibi kukataa. Mlima mmoja unavutwa huku Atlantiki na huku Bahari ya Hindi.

Wapo kati yetu wanaosema heri iwe hivi. Afadhali mnunuzi anayesema bei yake, wasema, kuliko mhubiri aliyeficha mizani chini ya kanzu. China haikuwahi kutuuliza tumehesabu vipi kura, na barabara zake zinapitika. Nimeyasikia maneno haya kwa watu ninaowaheshimu.

Mimi sifarijiki nayo. Wakongo walikwisha kuonja ubia wa aina hiyo: Patrice Lumumba aliuawa Katanga mwezi wa Januari 1961, na Mobutu Sese Seko, aliyetwaa dola mwaka 1965, alipokewa Ikulu ya Marekani na rais baada ya rais, hata Juni 1989, shaba ikisafirishwa na shule za Lubumbashi zikibomoka. Hakuna balozi aliyekuwa akiwahubiria Wakongo juu ya kura katika miaka hiyo, na ukimya ule haukuwashibisha. Mgeni akinyamaza, mwenye kufuta kura hupumua. Aliyefutiwa hubaki pale alipokuwa, akiwa amepungukiwa na shahidi mmoja.

Ras Fumba, magharibi

Nilimaliza safari yangu Ras Fumba, mahali waya unapotoka baharini. Maji yalikuwa yamekupwa, na wanawake wachache walikuwa wakirudi kutoka kwenye mwamba, vikapu kichwani, kanga zimeloa hadi magotini. Waya wenyewe hauonekani, umezikwa mchangani kisha ukaingia kwenye kituo chenye ua wa seng'enge, na mtu hutambua kazi yake kwa mngurumo mwembamba tu upepo ukitulia.

Mzee mmoja aliyekuwa akitengeneza jarife lake chini ya mkungu alinikaribisha kwenye mkeka. Nilipomuuliza juu ya Wamarekani, hakuwa na mengi ya kusema. Alikumbuka magari yao meupe na wahandisi waliokuwa wakinunua madafu kwa mwanawe. Nilipomuuliza juu ya Oktoba 2015 aliiweka chini sindano ya nyavu, akaninyooshea kidole kilichotiwa wino siku ile, akanieleza kituo alichopigia, saa aliyofika, na nani alikuwa mbele yake katika foleni. Machi iliyofuata, alisema, hakutoka nyumbani.

Adhana ya magharibi ikaanza msikitini. Akalikunja jarife, akanyoosha mkono ukutani nyuma yake, akawasha taa.